Miaka Kumi na Moja Skulini Bila Barua ya Ajira: Unaweza Kudai Nini?

SWALI

Assalaam alaykum. Mimi ni mama wa watoto wanne, nakaa Wilaya ya Wete, Pemba. Huu mwaka wa kumi na moja nafanya usafi katika skuli moja ya msingi ya Serikali, na asubuhi nawapikia uji watoto wa maandalizi. Nalipwa na kamati ya skuli. Nilianza na shilingi 30,000 kwa mwezi, sasa napata 60,000, na ipo miezi napita mikono mitupu. Sina barua yoyote. Wenzangu wa namna hii pale skulini ni wawili: mlinzi wa usiku, na kijana mwenye diploma anayesomesha hisabati kwa kujitolea. Mwaka jana wizara ilituletea mhudumu mwenye barua ya ajira, na mimi ndiye niliyemuonesha kazi. Sasa kuna mtu anakusanya majina na shilingi 50,000 kwa kila mmoja ili afungue kesi ya pamoja. Anasema mahkama za Kenya na India zimeshaamua kuwa watu kama sisi lazima tuajiriwe moja kwa moja. Je, tuna kesi? Na tukishitaki, hatutafukuzwa?

JIBU

Waalaykumu salaam, dada yangu. Nakupa jibu kwanza, maelezo yafuate. Madai mnayo, na mengine ni mazito. Lakini dai la kutaka mahkama iamuru muandikwe kazi Serikalini kwa masharti ya kudumu, kwa sababu tu mmefanya kazi miaka mingi, ni dhaifu kuliko yote, na ndilo hilo mnalochangishwa pesa. Ningekuwa wakili wenu nisingelitanguliza. Ningetanguliza yale mliyokwisha kuyatolea jasho: malipo ya miezi mliyorukwa, tofauti baina ya mlichopewa na kima cha chini cha mshahara, likizo, na michango ya ZSSF, yaani Mfuko wa Hifadhi ya Jamii Zanzibar.

Kazi ya Serikali ina mlango wake, na mlango huo umewekwa na Sheria ya Utumishi wa Umma Na. 2 ya 2011 na kanuni zake. Nafasi lazima iwemo katika ikama ya wizara, yaani idadi ya watumishi iliyoidhinishwa. Lazima iwe na fungu lake la fedha. Kisha hutangazwa, wenye sifa huomba, hufanyiwa usaili, na anayepita hupewa barua na mwenye mamlaka ya kuajiri. Mwalimu mkuu hana mamlaka hayo, wala kamati ya skuli. Hata afisa elimu wa wilaya akikwambia "wewe endelea tu, tutakuingiza", anakupa matumaini yake, ajira hajakupa. Jaji atakayeletewa ombi lako atauliza nafasi ile ilitangazwa lini, nani walishindania, na barua iko wapi. Maswali hayo matatu yanatosha kuiangusha kesi nzima ikiwa haina kitu kingine ndani yake.

Najua inauma, khasa kwa mtu aliyemfundisha kazi mwenzake aliyekuja na barua. Lakini kanuni yenyewe naiunga mkono. Kifungu cha 12 cha Katiba ya Zanzibar ya 1984 kinasema watu wote ni sawa mbele ya sheria. Msichana wa Micheweni aliyemaliza kidato cha nne na anayesubiri tangazo la nafasi ya mhudumu, naye ana haki katika nafasi hiyo. Kama mwalimu mkuu angeweza kumuingiza mtu kimyakimya, akakaa miaka mitano, kisha mahkama ikamthibitisha, nafasi zingekwisha kwa mashemeji na wapwa na yule wa Micheweni asingepata hata pa kupeleka maombi. Ninachokilaumu ni kuachia skuli ya Serikali iendeshwe miaka kumi na moja kwa mikono ya mtu ambaye hakuna orodha ya Serikali inayomtambua. Hapo ndipo penye dhulma, na hapo ndipo penye madai yenu.

Hali hii ina historia. Elimu bila malipo ilitangazwa Zanzibar tarehe 23 Septemba 1964. Serikali ikabeba walimu na masomo, lakini kufagia, kulinda na kuteka maji kwa sehemu kubwa vikabaki kwa wazee na michango yao. Michango hiyo ilipofutwa katika skuli za msingi muongo uliopita, watu waliokuwa wakilipwa nayo waliendelea kuamka alfajiri kama kawaida, na kamati zikawa zinahangaika pa kuwatolea: mara ruzuku ya skuli, mara kodi ya kibanda, mara mfadhili aliyepita. Ndiyo maana kuna miezi unalipwa na miezi hulipwi.

Sasa hayo ya India na Kenya. Anayekusanya majina hakusema uongo mtupu. Kasema nusu, na nusu aliyoiacha ndiyo inayowahusu nyinyi.

India ina kesi inayotajwa kila mara katika jambo hili, ya Jimbo la Karnataka dhidi ya Umadevi, iliyoamuliwa na Mahkama ya Juu mwaka 2006. Majaji watano walisema kinyume kabisa na hayo mliyoelezwa: aliyeingia kazini bila ya kufuata utaratibu wa ajira ya umma hapati haki ya kuthibitishwa kwa sababu tu amekaa muda mrefu. Waliacha mwanya mmoja. Waliokuwa wamefanya kazi miaka kumi au zaidi, katika nafasi zilizoidhinishwa, bila ya kulindwa na amri ya mahkama, Serikali iliambiwa iwaangalie kwa mara moja tu. Ni kweli kwamba Disemba 2024, katika kesi ya Jaggo dhidi ya Serikali Kuu ya India, mahkama hiyohiyo iliamuru wafagiaji na mtunza bustani wa Tume Kuu ya Maji wathibitishwe. Ilisema kazi yao ilikuwa ya kila siku na ya lazima, na haifai Serikali kumweka mtu katika kazi ya kudumu huku ikimwita wa muda. Maneno hayo ni mazuri na wakili wenu anaweza kuyasoma mbele ya jaji wa Zanzibar. Lakini watu wale waliwekwa kazini na kulipwa na ofisi ya Serikali yenyewe. Nyinyi mnalipwa na kamati. Mwanasheria wa upande wa pili atasimama hapohapo.

Kenya nako hivyohivyo. Aprili 2024 Mahkama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, Nairobi, iliamua kwamba Tume ya Kuajiri Walimu ilivunja haki za walimu iliowachukua kama wanagenzi wa sekondari ya chini na kuwafanyisha kazi kama walimu kamili. Tazama tofauti: walimu wale walikuwa na barua za Tume mikononi. Na hata baada ya hukumu hawakupata ajira siku ya pili yake. Waligoma, Bunge likatenga fedha, na walimu wapatao 46,000 wakaanza kuingizwa katika masharti ya kudumu Januari 2025. Hukumu ilisukuma, bajeti ndiyo iliyoajiri. Hilo liwekeni akilini, nitalirejea.

Isitoshe, hukumu za nchi nyengine hazimfungi jaji wetu. Huzisikiliza, na za India husikilizwa kwa makini kwa sababu sheria yetu ya mikataba imetoka katika mkondo mmoja na ile yao ya 1872, lakini si amri kwake. Hata sheria ya kazi ya Tanzania Bara, ya 2004, pamoja na Tume yake ya Usuluhishi na Uamuzi (CMA), havifiki huku. Masuala ya kazi si ya Muungano. Ukisikia mtu anakwambia "tutawapeleka CMA", jua kwamba hajui anakokupeleka.

Hukuniuliza mwajiri wako ni nani, lakini hilo ndilo swali litakaloamua kesi yenu. Wewe unasema kamati, kwa sababu ndiyo inayokupa pesa. Mimi nisingekubali haraka hivyo. Mwenyekiti wa kamati ni mzazi kama wewe. Hana jengo, hana mali, na ukimshinda kesini utakamata nini? Sheria ya kazi haiangalii mkono uliotoa noti tu. Inaangalia nani alikwita kazini, nani anakupangia leo usafishe madarasa na kesho vyoo, nani anaweza kukwambia usije, ndoo na fagio ni za nani, na kazi yako inamnufaisha nani. Pendekezo Na. 198 la mwaka 2006 la Shirika la Kazi Duniani linataka uhusiano wa kazi upimwe kwa yanayotendeka, si kwa jina ambalo watu wamelipachika jambo hilo. Kwa hivyo vocha kuandikwa "posho" au "kujitolea" hakumalizi hoja.

Katika hali yako, anayekupangia kazi kila siku ni mwalimu mkuu, naye ni mtumishi wa Serikali. Jengo ni la Serikali. Watoto ni wanafunzi wa Serikali. Na kama baadhi ya malipo yako yametoka katika ruzuku ya skuli, fedha ile nayo ni ya umma. Hoja kwamba mwajiri wako halisi ni wizara, na kamati ilikuwa mkono wake wa kulipia tu, ni hoja ya kweli inayostahili kusikilizwa. Sikuahidi kwamba itashinda. Upande wa pili utasema mwalimu mkuu hakuwa na ruhusa ya kuifunga Serikali. Jibu la hilo ni kwamba dai la kulipwa kazi iliyokwisha kufanyika si sawa na dai la kupewa cheo. Mtu akipokea kazi ya mwenzake, akafaidika nayo, ilhali anajua haikufanywa bure, hawezi kusema baadaye kwamba hakutoa kibali. Mizani ya jaji katika dai hili ni nyepesi zaidi kwako kuliko katika lile la ajira ya kudumu.

Kuna jambo moja la kuangalia kwa skuli za msingi. Mwaka 2017 elimu ya maandalizi na ya msingi iligatuliwa kwenda serikali za mitaa, na baadaye ikarejeshwa wizarani. Wewe umefanya kazi kabla, wakati na baada ya hapo. Madai yenu yawataje wote wawili, wizara na baraza la mji au halmashauri iliyohusika, ama sivyo kila mmoja atamnyooshea kidole mwenzake na miaka ile ya kati itapotea.

Sasa tuje kwenye madai yenyewe. Sheria ya Ajira Na. 11 ya 2005 ndiyo msingi. Mkataba wa mdomo nao ni mkataba; kutokuwa na barua kunakupunguzia ushahidi, hakukuondolei haki. Ukikubaliwa kuwa mfanyakazi, unadai mishahara ya miezi uliyorukwa, likizo ya mwaka ambayo hukupewa, na tofauti ya kima cha chini. Kwa upande wa Serikali, kima hicho kilipandishwa mwaka 2022 kutoka shilingi 300,000 hadi 347,000 kwa mwezi. Sekta binafsi ina kima chake kinachotangazwa mbali, na kipi kitumike kwako kutategemea nani ameonekana kuwa mwajiri. Ukiweka 60,000 kando ya 347,000 utaona kwa nini dai hili si dogo. Lakini uwe mkweli katika saa zako. Kama unaingia saa 12 asubuhi na kuondoka saa 4, usiandike siku nzima. Dai la saa nne kwa siku lililothibitishwa lina thamani kuliko dai la saa nane linalovunjwa kwa swali moja la wakili.

ZSSF ndilo dai ambalo watu hulisahau na ndilo ningelipigania kwa nguvu zaidi. Mfuko ulianzishwa mwaka 1998, na sheria yake iliandikwa upya mwaka 2005. Mwajiri anatakiwa amsajili mfanyakazi wake na apeleke michango, sehemu yake na ya mfanyakazi, na asipofanya hivyo Mfuko wenyewe una nguvu ya kumdai. Nenda ofisi ya ZSSF Chake Chake uulize kama jina lako limo. Nina hakika halimo. Basi andika malalamiko palepale. Fikiria umri wako: mtumishi wa Serikali hustaafu kwa lazima akifika miaka 60, anaondoka na kiinua mgongo na pensheni yake. Wewe ukiendelea hivi, kitakachokusubiri ni Pensheni Jamii, ambayo ilianza Aprili 2016 kwa shilingi 20,000 kwa mwezi na imepandishwa baadaye, na huipati mpaka utimize miaka 70. Miaka kumi na moja ya kuamka alfajiri haiongezi hata senti katika pensheni hiyo.

Ushahidi. Hapa nataka utulie, kwa sababu kesi nyingi za namna hii hufia hapa.

Kamati yenu bila ya shaka ina daftari la malipo. Mara nyingi ni kaunta buku ya jalada gumu iliyopigwa mistari kwa rula: tarehe, jina, kiasi, sahihi. Ukurasa mmoja wa miaka minane nyuma, wenye sahihi yako na muhuri wa skuli, una uzito kuliko majirani watano watakaokuja kusema wanakujua. Muombe mwenyekiti au mshika fedha, kwa adabu na kwa maandishi, akuruhusu upige picha kurasa zenye jina lako. Piga ukurasa mzima, pembe zote nne zionekane, tarehe isomeke. Usichane, usichukue daftari nyumbani; ukifanya hivyo ushahidi wako unageuka kuwa mashtaka dhidi yako.

Kisha kuna kitabu ambacho wengi hawakifikirii: kile ambacho wakaguzi na wageni kutoka wizarani huandika wakija skulini. Nimeviona vitabu hivi, na mara nyingi mkaguzi huandika mstari mmoja juu ya mazingira: usafi unaridhisha, vyoo visafi, au kinyume chake. Mstari huo umeandikwa na afisa wa Serikali juu ya kazi yako. Kama katika miaka yote hiyo wizara haikuwa na mhudumu pale, ilijua, au ilipaswa kujua, kwamba kuna mtu anasafisha. Huo ndio uzi unaoiunganisha wizara na kazi yako, na hauna haja ya shahidi. Waombe wakuruhusu uangalie, na uandike tarehe za kurasa zinazokuhusu hata kama hukuruhusiwa kupiga picha. Kitabu chenyewe kinaweza kuitwa na mahkama baadaye.

Kumbukumbu za vikao vya kamati, ule mwezi walioamua kukupandisha kutoka 30,000, zinahitajika. Malipo yaliyopita kwa EzyPesa, usifute ujumbe wowote, na uombe taarifa ya miamala. Waalimu wakuu waliostaafu ni mashahidi wazuri sana kwa sababu hawaogopi tena kuhamishwa. Waendee mmojammoja, uwaombe waandike kwa mkono wao umeanza lini na ulifanya nini. Barua ya sheha inasaidia kuthibitisha ukaazi, si zaidi ya hapo.

Wenzako wawili wasichanganywe na wewe katika karatasi moja, ingawa mnaweza kwenda pamoja. Mlinzi ana dai la saa za usiku na siku za sikukuu, na kama aliwahi kuumia akiwa zamu, ana suala la fidia ambalo lina sheria yake na linataka karatasi ya hospitali ya siku ile. Kijana wa hisabati ni mtihani mwengine. Anayejitolea kwa hiari, bila ya malipo na bila ya ahadi ya malipo, sheria ya ajira humsaidia kidogo. Lakini kama amepangiwa vipindi katika ratiba ya skuli, anasahihisha mitihani, na anapewa kitu kila mwezi, basi naye ana la kusema. Kwake yeye, hata hivyo, kesi si njia ya haraka. Ana diploma. Adai kwa mwalimu mkuu barua yenye tarehe, masomo na madarasa aliyosomesha, na aombe kila nafasi inayotangazwa.

Njia ya kufuata ni hii. Andikeni barua ya madai, kila mmoja yake, ya kurasa mbili zisizidi, mpeleke kwa mwalimu mkuu na mwenyekiti wa kamati, nakala ofisi ya elimu ya wilaya na ofisi ya wizara Pemba. Nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Wape siku kumi na nne. Wasipojibu, nendeni ofisi ya Kamisheni ya Kazi Pemba. Sheria ya Mahusiano Kazini Na. 1 ya 2005 iliweka kitengo maalumu cha migogoro ya kazi. Huko huanza usuluhishi, kisha uamuzi, na baadae ndiyo hufikiwa Mahkama ya Kazi. Hatua ya usuluhishi haihitaji wakili. Msichelewe, kwa sababu migogoro ya kazi ina ukomo wake wa muda na ni mfupi, na wengi wenye haki hurudishwa kwa sababu ya tarehe tu. Siku mtakayoingia ofisini pale, swali la kwanza liwe hilo la muda, kwa kila dai mbalimbali.

Mkitaka wa kuwaandikia, Sheria ya Msaada wa Kisheria Na. 13 ya 2018 inawatambua wasaidizi wa sheria, na wapo mpaka huko wilayani. Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar, ambacho kimekuwepo tangu 1992, kina ofisi Chake Chake na hakiwatozi wasio na uwezo. Kijana wa hisabati azungumze pia na ZATU, chama cha walimu. Na kama barua zenu zitapuuzwa kabisa, Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora hupokea bure malalamiko ya mwananchi dhidi ya ofisi ya umma.

Kwa haya utaelewa kwa nini siipendi ile 50,000. Hatua zote nilizozitaja, mpaka usuluhishi, hazina gharama inayofanana na hiyo. Muulizeni mkusanyaji mambo matatu: wakili ni nani na amesajiliwa wapi, risiti iko wapi, na dai gani hasa litaandikwa. Akishindwa moja, msitoe. Na akianza kusema kuna "mkubwa" wa kupewa chochote ili majina yaingie, hiyo imeshakuwa rushwa, na ZAECA, mamlaka ya kuzuia rushwa Zanzibar, ipo kwa ajili hiyo. Mtoaji pia ana kosa, kwa hivyo hata kwa huruma msichangie.

Kuhusu kufukuzwa. Sitakwambia haliwezekani. Kumwadhibu mtu kwa kudai haki yake ni kosa, na likitokea linaongezwa juu ya madai yenu. Lakini mtu asiye na barua ni rahisi kuambiwa "kesho usije", na hukumu ya kukurejesha inaweza kuchukua muda huku watoto wanataka kula. Punguza hatari hiyo kwa kwenda watatu pamoja, kwa kuandika kwa heshima bila ya kumtukana mwalimu mkuu, ambaye pengine miezi mengine amekulipa kutoka mfukoni mwake, na kwa kuwa na nakala zote mkononi kabla ya barua ya kwanza kuondoka. Ukusanyaji wa ushahidi uje kabla ya malalamiko. Baada ya malalamiko madaftari huwa mazito kufunguka.

Ajira ya kudumu nayo usiiache, ila itafute kwa njia yake. Fedha za nafasi hupangwa katika bajeti inayojadiliwa na Baraza la Wawakilishi mwezi wa Mei na Juni, mwaka wa fedha ukianza tarehe 1 Julai. Mnaofanya kazi kwa mtindo huu katika skuli za wilaya yenu jiorodhesheni: skuli, kazi, mwaka wa kuanza, malipo. Mpeni Mwakilishi wa jimbo orodha hiyo mapema, Januari au Februari, na nakala wizarani, mkiomba mambo mawili ambayo hayavunji sheria: nafasi za wahudumu na walinzi ziongezwe katika ikama ya skuli hizo, na tangazo likitoka, uzoefu wa kazi ileile katika skuli ya Serikali upewe alama katika usaili. Hilo la pili naliona ni la haki kabisa. Halimnyimi yule msichana wa Micheweni nafasi ya kushindana, na linautambua mgongo ulioinama miaka kumi na moja.

Ili tangazo likitoka usiachwe, weka tayari kitambulisho chako cha Mzanzibari Mkaazi, cheti cha kuzaliwa na cheti cha skuli ulichoishia. Maombi siku hizi hupitia mtandaoni kwa Tume ya Utumishi Serikalini. Kama simu yako haiwezi, mtoto wa jirani akusaidie, lakini anwani ya barua pepe na nywila vibaki kwako, vimeandikwa mahali. Kama cheti cha kidato cha nne huna, soma masharti ya tangazo kabla ya kukata tamaa, kwa sababu nafasi za uhudumu na ulinzi hazifanani masharti na nafasi za ofisini.

Wakati huohuo endelea kwenda kazini. Kila siku andika katika daftari lako mwenyewe saa uliyoingia, ulichofanya na saa uliyotoka, na mwisho wa mwezi andika ulicholipwa, nani alikulipa, na kama hukulipwa, ulimuuliza nani na alikujibu nini. Mwalimu mkuu akikubali kutia sahihi mwisho wa mwezi, vizuri. Asipokubali, andika kwamba hakukubali, na tarehe.